Miguu Myeupe ya Chainizi

Sogeeni karibu na moto, na huyo anayepiga miayo akanawe uso kwanza. Habari hii ni ya baridi, haisikilizwi kwa usingizi.

Hapo kale, katika milima yetu hii, hakuna aliyekuwa na mboga wakati wa kipupwe. Masika yakiisha, Sakitu, ile baridi inayogandisha umande, alishuka kutoka kileleni, mzee aliyejitanda shuka nyeupe, akapita bustani kwa bustani kabla ya jua. Kila jani alilolikanyaga liligeuka jeusi. Watu hawakumpinga. Waliacha milango ya nyua zao wazi, wakajifungia ndani na kusema, "Tumwachie mzee chake." Kisha wakala ugali mkavu kwa chumvi hadi mvua irudi. Mtu mzima huvumilia. Walioumia ni wanyonyeshao, maana ugali mkavu hauleti maziwa.

Miongoni mwao aliishi Tusekile, aliyeolewa kutoka bondeni, kwenye joto na migomba. Mtoto wake wa kwanza alimzika wakati wa Sakitu, maziwa yakiwa yamemkauka kifuani. Wanawake walimpa pole wakamwambia ndiyo desturi ya mlima. Tusekile aliwasikiliza, akafuta machozi, na moyoni akaitukana desturi hiyo tusi zima, ambalo sitalirudia mbele ya watoto.

Alipokuwa na mimba ya pili, akapita mgeni, mama mmoja mchuuzi kutoka mashariki ya mbali, huko jua linakoamkia, hoi kwa njaa. Tusekile alimpa uji. Mgeni akafungua pindo la nguo yake, akampa mbegu ndogo kama punje za ulezi.

"Kwetu pia kuna baridi," alisema. "Mboga hii inaiweza. Ila haipendi kubembelezwa."

Ndiyo hii tunayoiita chainizi. Siku hizo ilikuwa ya kijani kitupu, tangu jani hadi mzizini, na majani yake yalikuwa bapa.

Tusekile akajifungua mtoto wa kike. Masika yakiwa ukingoni akapanda mbegu zake kwenye samadi na majivu, na zilipostawi akaufunga mlango wa ua kwa miiba. Kijiji kizima kikanong'ona. Mama mkwe wake, Syabumi, akamjia kwa hofu.

"Mwanangu, fungua ua. Ukimfungia mzee atakasirika, ataingia hadi nyumbani."

"Mama, mwaka ule tulimfungulia. Akaingia hadi nyumbani."

Syabumi mwenyewe alizika wawili wakati kama ule, na hakuna aliyewahi kumwambia kwamba ana haki ya kukasirika. Akarudi kwake taratibu.

Asubuhi Sakitu alipofika, miiba haikumsumbua, kwa kuwa mzee yule hakujua mlango ni nini. Alimkuta Tusekile kasimama katikati ya matuta, mtoto mgongoni.

"Nani amesimama njiani mwangu?"

"Mwenye bustani. Shikamoo, mzee. Upite zako."

Sakitu alicheka hadi barafu ikamdondoka ndevuni. "Nitakachokishika kikalala, ni changu. Kikisimama, kaa nacho." Akainama, akaikamata chainizi miguuni, pale mashina yanapochipuka ardhini, akaminya. Weupe ukaanza kupanda kutoka vidoleni mwake. Majani yakalegea, yakalala udongoni, naye akajiondokea bila hata kugeuka.

Tusekile akapiga magoti. Alitamani kuyainua kwa mikono, lakini akakumbuka maneno ya mgeni, hakuyagusa.

"Usinifanyie hivyo," aliiambia mboga yake kwa ukali. "Mmoja nimeshamlaza kwenye udongo huu. Inatosha. Simama!"

Jua likachomoza. Jani moja likainuka, la pili likafuata, yote yamejikunja kama vijiko, yamekinga maji ya barafu iliyoyeyuka. Weupe ulikuwa umekwama miguuni. Tusekile akatafuna jani, akalikuta tamu kuliko la jana.

Angeweza kuchuma kimyakimya akapikie jikoni. Hakutaka. Alibeba mafiga hadi bustanini, akawasha moto palepale, Sakitu aisikie harufu huko aliko. Majirani wakachungulia. Wa kwanza kutoka alikuwa Syabumi, chungu kichwani, chumvi mkononi.

"Nipishe nikoleze," alisema. Kisha akageukia kileleni akapaza sauti iliyomkaa kifuani miaka yote. "Mzee! Tunakula!"

Tusekile alikula akashiba, na mtoto akanyonya hadi akalala.

Na tangu siku hiyo chainizi ina miguu myeupe, pale ilipominywa, na majani yake yamejikunja kama vijiko. Sakitu akiipitia huzidi utamu. Joto likirudi hukimbilia kuchanua maua ya manjano, maana haimwamini mtu, inataka kuacha mbegu mapema. Na huku kwetu, aliyejifungua karibuni hapikiwi ndani asubuhi ya sakitu ya kwanza. Mafiga hupelekwa bustanini, naye hula akiwa amesimama, mtoto mgongoni, amekikazia kilele macho. Akimaliza huinua chungu juu na kukigeuza, mzee aone kwamba hakikubaki kitu chake.