Kompyuta Iliyozimwa na Upya Wake

Kipya kisichobanduliwa huungua ndani.

Maneno hayo aliyatamka Bi Ndekwa, mpishi mstaafu, siku jirani yake alipoagiza friji mpya iachwe na nailoni zake zote, hata zile zilizoziba matundu ya nyuma. Vijana watatu waliokuwa wameibeba friji hiyo kutoka barabarani walikaa kupumzika kwenye ngazi za nyumba yake. Mmoja akasema, "Bibi, hiyo methali hatukufundishwa shuleni."

"Basi walimu wenu walikosea," akajibu. "Imetoka shuleni hukohuko."

Wakamtaka awaeleze. Akawaeleza, na kila alipofika mahali pake mwenyewe alijiita "mpishi", kama anayemsema mtu mwingine. Mengi aliyoyasimulia aliyaona kwa macho. Yaliyobaki alisomewa na mwenye daftari, mwalimu Hidaya Shemndolwa. Methali hii ilianza hivi.

Saa mbili na dakika kumi asubuhi, siku ya Alhamisi, mwezi wa Februari, kompyuta mpya ya Shule ya Sekondari Kwezinga, nje kidogo ya mji wa Korogwe, iliwaka kwa sekunde hamsini na moja, ikazima.

Mwalimu Hidaya aliandika hivyo. Alikuwa mwalimu wa hisabati, na jambo lisiloandikwa kwake lilikuwa uvumi. Kompyuta hiyo aliiunda mwenyewe, kifaa kwa kifaa, kwa siku mbili, kwa sababu alikuwa amekiambia kikao cha walimu kwamba ataiunda na itawaka. Mkuu wa Shule, Bwana Shechambo, alikubali kwa sharti moja. Bodi ingefika Alhamisi saa nane mchana. Ikiikuta mashine inafanya kazi, chumba ilimowekwa kingekuwa darasa la kompyuta. Ikiikuta imezima, kingerudi kuwa stoo ya mahindi, kama kilivyokuwa tangu shule ijengwe.

Akabonyeza tena. Feni ikazunguka, maandishi meupe yakatokea kwenye skrini, mashine ikazima. Sekunde ishirini na mbili. Akabonyeza mara ya tatu. Sekunde tisa.

"Inakukimbia, Mwalimu," alisema Mzee Senkoro, mtunza stoo, aliyekuwa amesimama mlangoni na shada lake la funguo. Ufunguo wa chumba kile ulikuwa bado umo ndani ya shada hilo, na hakuwa na haraka ya kuutoa.

"Hainikimbii. Kuna kitu kimekosewa."

"Mimi nasema tu. Mahindi hayana waya. Unayaweka, yanakaa."

Hidaya alihamisha waya wa umeme kwenye soketi nyingine. Sekunde nane. Alichomoa vipande viwili vya kumbukumbu, akavifuta, akavirudisha kimoja kimoja. Sekunde nane, kisha saba. Alichomoa diski. Sekunde saba. Kila mara alibadilisha kitu kimoja tu, akaandika, akabonyeza papo hapo. Alifanya kila kitu jinsi kinavyopaswa kufanywa, na hakuna jibu lililokuwa bora kuliko lililotangulia.

Saa tatu kamili akaenda kufundisha vipindi viwili. Wanafunzi wa kidato cha tatu walisema baadaye kwamba siku ile hata pembe mraba zilimuudhi.

Aliporudi, saa nne na dakika arobaini, alirudisha diski na kubonyeza. Mashine ikadumu sekunde hamsini. Diski, akawaza. Diski ilikuwa haijakaa sawasawa. Akabonyeza tena kuhakikisha. Sekunde ishirini na moja. Akabonyeza tena. Tisa.

Akaiweka kalamu mezani kwa uangalifu mkubwa, kama mtu anayejizuia asiirushe.

Hapo ndipo Mkuu alipoingia. Alikuwa amevaa suti, na alikikagua chumba kabla ya kumsalimu mtu. Aliangalia viti sita vipya vya Bodi, vyote vikiwa bado ndani ya nailoni. Aliangalia skrini, nayo bado ina utando wake wa plastiki juu ya kioo. Aliangalia kasha la kompyuta, nalo limefunikwa plastiki juu na pembeni. Akaridhika.

"Imewaka?"

"Inawaka na kuzima, Mkuu."

"Sikuuliza hivyo. Nimeuliza imewaka?"

"Haijawaka, Mkuu."

"Mwalimu Hidaya, zimebaki saa tatu."

"Najua, Mkuu. Ninazihesabu."

"Na hujabandua kitu?"

"Sijabandua hata kipande. Ulisema tusibandue."

"Vizuri. Hilo angalau liko sawa."

Ni lazima ielezwe kwa nini nailoni zilimshughulisha Mkuu kiasi hicho. Mwaka uliotangulia shule ililetewa jenereta iliyosemwa kuwa mpya. Mjumbe mmoja wa Bodi aliikwangua kwa ukucha, na chini ya rangi ya bluu ikatokea rangi ya kijani, na chini ya kijani ikatokea kutu. Bwana Shechambo alihojiwa tangu asubuhi hadi jioni kuhusu jenereta ambayo hata yeye aliuziwa hivyo hivyo. Tangu siku ile alitoa amri kwa idara zote: kitu chochote kipya kisibanduliwe chochote mpaka Bodi ikione kwa macho. Amri ilihusu viti, ilihusu kompyuta, ilihusu hata sufuria mbili kubwa zilizoletwa jikoni Jumatatu.

Mkuu alipotoka, akaingia mpishi na kikombe cha uji. Hakukiweka mezani. Alikisogeza moja kwa moja puani kwa Hidaya.

"Nusa."

"Unanuka plastiki iliyoungua."

"Ahsante. Nilidhani pua yangu ndiyo mbovu. Sufuria mpya zina lebo kubwa chini, ya nailoni, imegandishwa kwa gundi. Nikamwambia Mkuu, hii niibandue kabla sijaipeleka motoni. Akasema isibanduliwe, Bodi itaiona. Nikamuuliza, Bodi itainama kutazama matako ya sufuria? Akaniambia niheshimu utaratibu. Haya, nimeheshimu. Watoto mia tatu wamekunywa utaratibu asubuhi hii."

Hidaya alicheka, mara ya kwanza siku ile, kisha akaacha kucheka ghafla.

"Lebo ilikuwa wapi?"

"Si nimekwambia, chini. Kati ya sufuria na moto. Sufuria ilichelewa kuchemka, lebo ikaungua yenyewe."

Mwalimu Hidaya akarudi kwenye daftari. Hakusoma tena alichobadilisha kila mara. Alisoma safu ya muda peke yake. Hamsini na moja, ishirini na mbili, tisa, nane, nane, saba, saba. Kisha saa moja na dakika arobaini za mapumziko. Kisha hamsini, ishirini na moja, tisa.

"Haikuwa diski," alisema. "Ilikuwa imepumzika tu."

"Nani?"

"Mashine. Ikipoa, inadumu. Nikiibonyeza mfululizo, inakufa mapema. Inajizima kwa joto." Akaigeukia mashine. "Lakini feni inazunguka. Nimeiona kwa macho yangu inazunguka."

Alizima umeme, akafungua ubavu wa kasha, akagusa kile chuma chenye mapezi ambacho feni hukaa juu yake. Kazi ya chuma hicho ni moja tu, kunyonya joto kutoka kwenye prosesa, ambayo ndiyo ubongo wa kompyuta, ili feni ilipeperushe. Kilipaswa kuwa cha moto. Kilikuwa baridi kama mtungi. Akapitisha kidole nyuma ya ubao unaobeba vifaa vyote, mahali palepale prosesa ilipo, akakitoa upesi na kukitia mdomoni.

"Imekuchoma?" mpishi akauliza.

"Huku moto, huku baridi. Kuna kitu katikati."

"Lebo," alisema mpishi.

Hidaya alitaka kusema kwamba hakuna lebo, kwamba angeiona. Kisha akakumbuka namna alivyofanya kazi Jumatano: alikuwa ameamua kutobandua chochote, na mtu aliyeamua kutobandua chochote huacha pia kutafuta cha kubandua. Akachukua bisibisi.

Mkuu aliwakuta wakati skrubu ya tatu inatoka. Ilikuwa saa tano na dakika kumi.

"Unafanya nini? Unaibomoa?"

"Ninatoa nailoni moja, Mkuu."

"Tulikubaliana!"

"Tulikubaliana. Ndiyo maana haiwaki."

"Mwalimu, wewe hukuwepo siku ya jenereta. Mimi nilikuwepo. Nilisimama pale kama mwizi wa kuku. Bodi ikikuta vifaa vimebanduliwa, itasema ni vya mtumba, na itakayemsema si wewe."

"Na ikikuta vina nailoni na havifanyi kazi, itasema nini?"

"Itasema ni vipya."

"Vipya na vibovu, Mkuu. Hiyo ndiyo sifa unayoitaka?"

Mzee Senkoro akakohoa mlangoni. Mkuu akamgeukia. "Na wewe una neno?"

"Sina, Mkuu. Nasubiri chumba."

Hidaya akasukuma daftari mbele ya Mkuu na kuweka kidole kwenye safu ya muda. Hakupandisha sauti. "Soma hizi namba. Usinisikilize mimi. Kisha gusa hapa. Halafu gusa hapa."

Mkuu alisoma. Akagusa chuma, akatikisa kichwa. Akagusa nyuma ya ubao, na joto lililobaki lilitosha kumfanya aurudishe mkono mfukoni. Harufu ya uji ilikuwa imejaa chumbani.

"Hiyo harufu ni ya nini?" akauliza hatimaye.

"Ni sufuria yako, Mkuu," alisema mpishi. "Na yenyewe ni mpya."

Mkuu akavuta kiti kimoja cha Bodi na kukaa. Nailoni ililia chini yake. "Bandua," alisema. "Lakini usitupe. Chochote unachobandua, usitupe."

Chuma kikatoka. Chini yake, upande usioweza kuonwa na Bodi wala na mtu mwingine yeyote, kulikuwa na kipande cha plastiki angavu, kikubwa kama stempu, kimekunjamana katikati kwa joto. Pembeni mwake palikuwa na mshale mwekundu na agizo la kukibandua kabla ya kufunga. Nyuma yake dawa ya kupitishia joto ilikuwa bado laini, haijawahi kugusana na kitu.

Hidaya alikibandua kwa kucha mbili. Akakirudisha chuma mahali pake, akakaza skrubu zote nne kwa zamu, akarudisha feni. Kile kipande cha plastiki akakigandisha kwenye ukurasa wa daftari kwa gundi ya karatasi.

Saa tano na dakika thelathini na moja alibonyeza.

Feni ikazunguka. Maandishi meupe yakatokea. Hidaya alikuwa anahesabu kimya, lakini mpishi alikuwa anahesabu kwa sauti, na kuanzia arobaini Mkuu naye alijiunga. Hamsini. Hamsini na moja. Hamsini na mbili. Skrini ikabadilika rangi. Kwenye sitini Mzee Senkoro akaacha kuchezea funguo. Kwenye mia moja na kumi programu kuu ikafunguka, na mshale mdogo mweupe ukasimama katikati ya skrini, unangoja kuambiwa la kufanya.

"Usiiguse," alisema Mkuu kwa sauti ya chini.

"Nitaigusa, Mkuu. Ndiyo kazi yake."

Bodi iliingia saa nane na dakika sita, watu watano. Mwenyekiti, mama mmoja aliyewahi kuwa nesi wa wilaya, ndiye aliyekuwa amekwangua jenereta mwaka uliotangulia. Aliizunguka meza mara mbili.

"Hii ni mpya kweli? Mbona mmeifungua?"

Mkuu alisimama. Hakueleza mengi. Alimfungulia daftari ukurasa wenye kile kipande cha plastiki kilichokunjamana, akamwonyesha safu ya muda juu yake. Mwenyekiti alivaa miwani, akasoma mstari kwa mstari, tangu asubuhi.

"Hii ndiyo iliyokuwa inaizima?"

"Ndiyo, Mwenyekiti. Kwa amri yangu."

"Sasa ulikuwa unailinda na nini?"

Mpishi, aliyekuwa ameingia na birika la chai, ndiye aliyejibu. Hakujibu kwa ujanja. Alikuwa amechoka, na mikono yake ilinuka nailoni.

"Kipya kisichobanduliwa huungua ndani, mama. Ukitaka ushahidi wa pili, njoo jikoni."

Mwenyekiti alicheka mpaka akavua miwani. Kisha akanyoosha mkono kwa mtunza stoo. Mzee Senkoro alihangaika na shada lake, ufunguo ukamkatalia, mwishowe ukatoka. Mwenyekiti akaupokea na kumkabidhi mwalimu Hidaya.

Hidaya aliuweka ufunguo juu ya daftari ili ukurasa usipeperuke kwa upepo wa feni, akaangalia saa yake, na chini ya kile kipande cha plastiki akaandika mstari wa mwisho wa siku ile:

"Saa 8:27. Inaendelea kuwaka. Kipya kisichobanduliwa huungua ndani."