Kidawa na Pumzi ya Saba

Paukwa!
Pakawa!
Sogeeni motoni, mnipe masikio yote mawili, la kulia na la kushoto.

Hapo zamani za kale, upepo ulipokuwa bado kijana mwenye makeke, palikuwa na mji mlimani ulioitwa Vumani. Mbele yake palikuwa na korongo refu lililojaa ukungu, na juu ya korongo daraja la kamba. Aliyetaka kuvuka kutoka ng'ambo alipuliza baragumu kuomba njia, na Vumani ikajibu. Mlio mmoja: vukeni! Milio mitatu: simameni!

Mpuliza baragumu wa Vumani alikuwa Faki Mapafu. Kifua chake pipa, shingo yake gogo. Akipuliza, kuku walianguka vichanjani.

Jirani yake alikuwa Bi Kidawa, msusi wa mikeka. Kila siku alisuka mlangoni pake, upepo ukimpiga usoni. Miaka mingi ya kusuka ilimfundisha jambo moja: upepo wa Vumani husukuma mara sita, kisha hupumua. Vuu, vuu, vuu, vuu, vuu, vuu, kimya. Mkono wake ulilaza ukindu mara sita, mara ya saba ukapumzika. Bintiye Mize alisuka hivyo hivyo kando yake, mpaka alipoolewa ng'ambo.

"Faki," Kidawa alimwambia, "puliza upepo unapopumua."

"Shangazi, baragumu si mkeka! Upepo ukipiga kelele, mimi nazidisha kelele."

Sasa, asubuhi moja Mize alikuwa anakuja na mtoto wake wa kwanza mgongoni, bibi amwone. Na asubuhi hiyo hiyo Pimbi, mnyama mdogo akaaye miambani, alitoka shimoni mwake akipiga ukelele.

"Wee! Watu wa Vumani! Kamba ya daraja lenu imesagwa na jiwe! Zimebaki nyuzi tatu tu!"

Kabla hawajamjibu, baragumu likalia ng'ambo kuomba njia. Upepo ulitoka huko, ukaleta kila kitu, hata kilio cha mtoto mchanga.

Faki akajaza kifua. Puu! Puu! Puu! Milio mitatu, mikubwa kama nyumba. Lakini upepo ukameza wa kwanza, ukameza wa pili, ukapitisha wa tatu.

Wakasikia watu wa ng'ambo wakishangilia: "Mmoja! Wamesema tuvuke!"

Faki akapuliza tena, kwa nguvu zaidi. Ukapita mmoja. Akapuliza mara ya tatu, mishipa ikamtoka. Ukapita mmoja. Kamba ikaanza kulia kwa uzito wa miguu. Ta! Uzi mmoja ukakatika.

"Unawaita, we pipa!" Pimbi akafoka. "Unawaita wafe!"

Kidawa alinyoosha mkono, na Faki akampa baragumu.

Hesabuni nami, jamani. Vuu, vuu, vuu, vuu, vuu, vuu.

Puu.

Mlio mdogo, wa mama mzee asiye na kifua. Miguu ikaendelea.

"Puliza tena, shangazi! Haraka!"

"Nyamaza, mwanangu. Bado haujapumua."

Vuu, vuu, vuu, vuu, vuu, vuu.

Puu.

Ta! Uzi wa pili. Watu wakafumba macho. Kidawa hakuharakisha hata kidogo.

Vuu, vuu, vuu, vuu, vuu, vuu.

Puu.

Hapo sauti ya Mize ikaja juu ya upepo, wazi kama kengele: "Rudini! Ni mitatu! Huyo si Faki, huyo ni mama, anasuka!"

Miguu ikakimbia nyuma. Ta! Daraja likaanguka korongoni, tupu. Kimya. Halafu, kutoka ng'ambo, mtoto akalia kwa hasira, akalia vizuri, kama mtoto aliyekatishwa kunyonya.

Kidawa akaketi chini, akacheka mpaka machozi.

Alisuka kamba mpya siku sita, Faki akimshikia nyuzi. Siku ya saba daraja likatundikwa tena, Mize akavuka, akamweka mtoto kwenye mapaja ya bibi yake.

Tangu hapo, Vumani hapewi mtu baragumu kabla hajasuka mkeka mzima. Wa kwanza kusuka alikuwa Faki, na mkeka wake ulipinda kama mkia wa mbwa. Aliutandika mbele ya mlango wake, kila mtu auone. Na mgeni akimwuliza, "Nani hapa ana mapafu makubwa?" Faki huinua kichwa na kujibu:

"Mwenye mapafu makubwa ni upepo. Sisi Vumani tunajua kuhesabu."

Hadithi yangu imefika ng'ambo salama, na hapo ndipo inapoishia. Anayeshuka mwisho darajani, azime moto.