Sinia la Sultani na Bunduki za Akida

Hapo zamani, katika mji wa Kivundo, palikuwa na wachukuzi ambao kazi yao ilikuwa kutoa chakula kwa wapishi na kukifikisha milangoni kwa watu. Hawakuwa na bwana wa kuwalisha: mtu akiitwa, hubeba, asipoitwa, hushindia maji. Miongoni mwao alikuwako Vuai Pakacha, fukara wa kutupwa, ila ulimi wake ungeweza kumtoa chatu pangoni na kumwuzia ngozi yake mwenyewe.

Basi wachukuzi hao walikuwa na adha moja. Baina ya majiko na mji palikuwa na Bonde la Mikoche, na humo walikaa wanyang'anyi wenye pua za paka. Pilau ikipita, waliijua hata hiliki yake. Kwa hiyo wachukuzi wakazoea kutembea na magobori. Ikawa siku moja mke wa waziri akafungua mlango apokee sambusa zake, akakutana na mtutu, akaanguka kwa kishindo kilichotawanya kuku wa mtaa mzima. Sultani Mauli akaghadhibika, akapiga mbiu: "Abebaye chakula asibebe silaha. Na chakula kikipotea njiani, mchukuzi atafukuzwa mjini."

Hazikupita siku nyingi Vuai akakamatwa, bakuli la mchuzi mkono huu, gobori mkono huu. Akapelekwa barazani.

"Ewe Pakacha, hukuisikia mbiu yangu?" akauliza Sultani.

"Niliisikia, seyyid yangu. Hata wanyang'anyi waliisikia; siku hizi wanatungoja wameshanawa mikono kabisa."

Watu wa baraza wakainamisha vichwa, wasionekane wakicheka. Akida Tufani, mkuu wa askari, mtu wa masharubu na majivuno, akafoka: "Mwoga huyu! Mwanamume hasa hupita bondeni mikono mitupu!"

"Basi na apite," akasema Sultani. "Kesho utaniletea chakula changu cha mchana kutoka kwa mpishi wangu Bi Mwanaheri, bila kuvunja sheria. Kikipungua hata punje, wewe na mkeo mtahama mji huu. Akida na askari wake watafuatana nawe wakuchunge tu; kukulinda si kazi yao."

Vuai akamkumbuka mkewe, mja mzito. Lakini uso akaukunjua. "Nimesikia na nimetii. Ila, seyyid, sheria hiyo ni yetu sisi makabwela tu?"

"Sheria yangu haichagui! Hata Akida akibeba chakula, ataivua silaha."

"Na asiyebeba chakula?"

"Huyo ruhusa yake kama zamani. Nenda zako!"

Kesho yake wakafika kwa Bi Mwanaheri, wakakuta masinia yamefunikwa kawa. Na desturi ya Kivundo ilikuwa hivi: chakula cha Sultani huinuliwa kwanza na mwenye cheo kuliko wote waliopo, kisha anayemfuata, na kikishainuliwa hakitui mpaka mbele ya Sultani. Vuai akanyoosha mikono, mara akairudisha kama aliyeungua.

"Astaghafirullahi! Mimi nitangulie kushika sinia la Sultani, na Akida amesimama hapa? Watu watasema Akida ni mdogo wangu."

Akida akasokota masharubu. "Haliwezekani hilo. Kaa nyuma!" Akalitwaa sinia kubwa, akajitwika. Naibu wake naye hakukubali kupitwa na wadogo zake, wala hao wadogo hawakukubali kupitwa na mchukuzi. Ikawa kila mmoja anapigania heshima yake, na zamu ya Vuai ilipofika hapakusalia hata kibakuli cha achari.

"Sasa, Akida wangu, silaha," akasema Vuai kwa adabu nyingi. "Sheria haichagui."

Akida akataka kulitua sinia, Bi Mwanaheri akapiga ukelele: "Wee baba! Chakula cha Sultani ukitue chini? Una kichwa kingine nyumbani?"

Basi silaha zikavuliwa, akapewa Vuai, maana ndiye peke yake aliyekuwa na mikono mitupu. Akajitundika bunduki mabegani, majambia kiunoni, panga mgongoni, akawa kama nungunungu aliyekasirika. Wakaingia bondeni, Vuai mbele kwa mwendo wa kijemadari, akigeuka na kusema, "Taratibu, Akida, mchuzi huo usimwagike!"

Wanyang'anyi wakachungulia vichakani. Mkubwa wao akanong'ona: "Wenye masharubu ndio wabebao pilau, na anayewaamrisha kavaa silaha za mji mzima. Jamani, huyo si mtu wa kuombwa tonge!" Wakatimua mbio, na wengine hawajasimama mpaka leo.

Sultani alipowaona askari wake wametota jasho, na mchukuzi kajaa bunduki, akainuka kitini. "Pakacha! Umevunja sheria!"

"La, seyyid. Waliobeba chakula hawana silaha, na mimi mwenye silaha sikubeba hata ndimu. Funua kawa utazame kama kumepungua kitu."

Zikafunuliwa kawa, na chakula kikaonekana kizima. Sultani akamgeukia Akida. "Huko bondeni, mikono imeshika sinia, ulijionaje?"

Akida akajibu: "Niliogopa, seyyid. Kila jani likitikisika, nilijua nimekufa."

Sultani akacheka hata kilemba kikamdondoka. Akatoa amri mpya: mchukuzi apite bondeni na silaha yake, afikapo lango la mji aiache kwa bawabu, ili wake za mawaziri wafungue milango kwa amani. Vuai akavishwa joho, akaketishwa kula pamoja na Sultani, na sahani ya mkewe ikatangulizwa nyumbani.

Na tangu kesho yake, bawabu aliyesimama langoni akiyapokea magobori ya wachukuzi na kuyapanga ukutani hakuwa mwingine ila Akida Tufani. "Shikamoo, Akida," wachukuzi humwamkia mmoja mmoja kwa sauti tamu. Naye huitikia marahaba huku akiuma masharubu.