Mfereji wa Siwema

"Mto haubembelezwi, huchimbiwa njia." Mmemsikia shangazi yenu akimwambia hivyo mwenyekiti wa kijiji, nanyi mnauliza msemo huu umetoka wapi. Umetoka hapa hapa kwetu, na chanzo chake ni hiki.

Kila masika Mto Mkese ulifurika. Kila masika Jumbe Ngwatu alichinja mbuzi ukingoni, akauomba upite kwa amani. Mto ulipokea mbuzi, kisha ukala na mpunga. Mwaka mmoja ukamchukua Pazi, mume wa Siwema, akiokoa mbegu.

Matanga yalipoanuliwa, Siwema alishika jembe. Nyuma ya shamba lake, bondeni, ulipita Mto Kilundwe, ambao haujapata kujaa. Akaanza kuchimba mfereji kutoka Kilundwe kuelekea Mkese, akilipasua shamba lake mwenyewe katikati.

"Msiba umempanda kichwani," watu wakasema. Akazidi kuchimba. Mwezi wa pili wifi yake, Mwanabaraka, akaja na jembe. Wakafuata wanawake wengine, na mwishowe waume zao wakaona haya kukaa.

Mvua ziliwahi. Mkese ulijaa pomoni, na kati yake na mfereji palibaki ukingo wa udongo, hatua tatu tu. Jumbe Ngwatu akaja akasimama juu yake na fimbo yake.

"Hapa hapachimbwi! Mto una wenyewe, mtawaudhi!"

"Jumbe," Siwema akauliza, "umeuomba tangu lini?"

"Tangu enzi za marehemu baba."

"Umekusikia mara ngapi?"

Jumbe akaikita fimbo yake udongoni.

"Mume wangu hata kaburi hana. Mto haubembelezwi, Jumbe, huchimbiwa njia. Shuka, ama uteremke nao."

Akainua jembe, akalishusha karibu kabisa na miguu ya Jumbe. Nyuma yake majembe yote yakainuka. Jumbe akaruka kando. Ukingo ukameguka, na Mkese ukageuka ukinguruma, ukaufuata mfereji hadi Kilundwe.

Shamba la Siwema lilikwenda na maji, halikubaki hata tuta. Lakini hakuna nyumba iliyolowa kizingiti, na mwaka ule kila mlango ulimkatia ngwe ya kulima.

Ndiyo maana hapa kwetu, mtu akionekana amepiga magoti mbele ya mwenye nguvu akingoja kuhurumiwa, huambiwa ainuke: mto haubembelezwi, huchimbiwa njia.