Mafundo Thelathini ya Mzee Shaddadi

Imetufikia habari ya waliotutangulia, na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi, kwamba katika mji mmoja wa Iraki aliishi mjane mcha Mungu aitwaye Umaima, aliyejipatia riziki kwa kutia nguo rangi. Binti yake, Hunaida, alikuwa akisoma hesabu kwa mwalimu wa mtaa wao, naye aliyapenda sana masomo yale. Baba yake alipofariki, hapakuwa na mtu wa kujaza mitungi ya rangi wala pesa za kumlipa mchukua maji. Basi Hunaida akaacha darasa, akawa anateka maji mtoni tangu alfajiri hadi adhuhuri.

Siku moja akaokota njiani mfuko wa ngozi wenye sarafu. Akazihesabu, akampelekea mama yake.

"Usiniambie ni ngapi, mwanangu," akasema Umaima. "Tukijua wawili, mmoja wetu atateleza ulimi. Mwenyewe ndiye atakayezitaja."

Wakautangaza sokoni na mlangoni pa msikiti, kama sheria inavyoamuru. Wengi wakaja kudai, wengine wakitaja dinari za dhahabu, hata wauza mboga wakacheka: "Mfuko huo una hazina ya sultani!" Mwaka ukakaribia kwisha. Ukitimia bila mwenyewe kupatikana, sheria ingewaruhusu kuzitumia sarafu hizo. Hunaida alikuwa amekwisha kupiga hesabu yake: sarafu zile zingetosha kumlipa mchukua maji, naye angerudi darasani.

Ndipo akatokea Mzee Shaddadi, mchukua maji aliyeinama mgongo kwa viriba vya maji, akitoka kijijini kwa dada yake alikougua karibu mwaka mzima, akadai kwamba mfuko ni wake. Wakaenda wote mbele ya kadhi.

"Mfuko wako ukoje?" kadhi akauliza.

"Wa ngozi ya mbuzi, umefungwa kwa uzi wa sufu."

"Hata wangu ni hivyo hivyo!" akapaza sauti muuza tende mmoja kati ya watazamaji, akijipiga kiunoni.

"Ndani yake mna nini?"

"Sarafu thelathini, bwana kadhi, dirhamu na nusu dirhamu. Kila nilipotia moja, nilifunga fundo katika kamba hii." Akaonyesha kamba iliyochakaa. "Na zote pamoja ni dirhamu ishirini na mbili, maana hiyo ndiyo bei ya punda niliyepatana. Zilipotimia, nikatoka kwenda kumnunua, mfuko ukanianguka njiani."

"Dirhamu ngapi, na nusu ngapi?"

Mzee akainamisha kichwa. "Hilo sikulitazama."

"Basi wewe na huyo punda mmelingana kwa hesabu!" akasema muuza tende, na watu wakacheka.

Kadhi akasema, "Mwenye mali huitaja mali yake, na huyu hakuitaja yote. Kama hapana mwenye neno, mfuko utabaki kwa Bi Umaima."

Hunaida hakuhitaji kusema uongo. Kunyamaza kulitosha, na darasa lilikuwa lake. Akautazama mgongo wa yule mzee, akakumbuka uzito wa mtungi.

"Bwana kadhi," akasema, "mzee amezitaja zote."

Akaomba kokwa za tende, akazipanga thelathini chini. "Tuseme zote ni nusu. Thamani yake ni dirhamu kumi na tano. Mzee amesema ishirini na mbili, kwa hiyo zimepungua saba. Nikiondoa nusu moja na kuweka dirhamu nzima mahali pake, naongeza nusu dirhamu. Ili nipate saba, lazima nibadilishe kumi na nne. Basi dirhamu ni kumi na nne, na nusu ni kumi na sita. Hakuna njia nyingine."

Umaima akamtazama. "Na ndivyo ulivyozikuta?"

"Ndivyo, mama. Tangu siku ile."

Kadhi akaufungua mfuko, akahesabu mbele ya watu: kumi na nne, na kumi na sita. Mzee Shaddadi akalia. Muuza tende akaokota kokwa zake.

Asubuhi ya tatu Hunaida alitoka na mtungi wake kabla jua halijachomoza, akakuta punda amesimama mlangoni na viriba vinne mgongoni.

"Rudisha mtungi ndani, mjukuu wangu," akasema Mzee Shaddadi. "Viriba viwili ni vya wateja wangu, viwili ni vya mama yako. Kila siku, madhali niko hai."

"Lakini hatuna cha kukulipa, babu."

"Nani amekuuliza malipo? Nenda kwa mwalimu wako, usije ukachelewa."

Ndugu zangu katika imani, siku ile jibu lilijulikana na msichana mmoja na Mola wake tu. Hakujua kwamba punda atakuja. Alijua tu kwamba mali si yake. Mwenyezi Mungu atujaalie kuisema haki hata pale ambapo hakuna atakayetuuliza.