Scolastica na Migomba ya Mama Yake

Kitendawili: mama huzaa mara moja tu, kisha huwaachia wanawe uwanja. Ni mgomba. Na hiki kingine: hulia kila siku wala nyumbani kwake hakuna msiba. Huyo alikuwa Scolastica, mwigizaji wa filamu, mzaliwa wa Nyamiaga wilayani Ngara. Wahenga walinena kuwa mtaka cha mvunguni sharti ainame, yaani kilicho chini ya kitanda hakitoki kwa kuamrishwa na mtu aliyesimama wima. Scolastica alijifunza hayo kwa magoti yake mwenyewe.

Machozi yake yalimpa jina kubwa, lakini moyo wake haukutulia. Kila simu kutoka nyumbani ilileta habari ileile: mnyauko umeingia mashambani, ndizi zinaiva kabla ya kukomaa na kuoza ndani. Akawa anaombolezea jeneza tupu mbele ya kamera, huku roho ikihangaika kama kuku atafutaye pa kutagia. Mwishowe aliacha filamu, akarudi darasani kusomea utungaji wa sera, kisha akaingia katika jopo lililoandaa sera ya kuokoa migomba. Waigizaji wenzake walimcheka kwamba ameacha asali akatafune nta.

Sera ilitaka kila shina lililougua ling'olewe lote pamoja na machipukizi yake. Ilibidi mkutano wa kijiji uikubali kwanza. Nyamiaga wakikataa, hata migomba iliyosalia ingekwisha. Scolastica alipanda nyuma ya pikapu, akashika kipaza sauti, akahutubia mpaka machozi yakamtoka, na siku hiyo yalikuwa ya kweli. Watu wakapiga makofi. Ndikuriyo, jirani ambaye nusu ya shamba lake lilikuwa limeugua, akainuka.

"Dada, hapo pa kulia turudie kidogo. Mke wangu amechelewa."

Mkutano ukavunjika kwa vicheko. Hakuna aliyenyoosha mkono.

Scolastica alifika nyumbani hakaliki wala hasimamiki. Alizunguka nyuma ya jiko, akaona mgomba wenye majani ya njano. Alipoukata, utomvu ukatiririka kama usaha. Mama yake, Generoza, alikiri kwamba alikuwa akiyapogoa majani yale ili majirani wasione. Migomba hiyo alikabidhiwa na mama mkwe siku alipoolewa, na haikuwahi kumlaza njaa. Akamwambia bintiye sera zake akaziandikie mashamba ya wengine.

Scolastica alifungua kinywa ahutubie, akakifunga. Kisha akapiga magoti, kama mabinti wa kwao waamkiavyo wakubwa.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mbona waniamkia mara mbili leo? Unataka nini?"

"Nataka jembe."

Generoza akamwonyesha kwa kidevu mahali lilipo.

Kulipopambazuka, watu walijaa ukingoni mwa shamba, wakitafuta kamera imefichwa wapi. Hawakuiona. Walimwona mwanamke aliyejikunja kama mundu, viganja vimetoka malengelenge, akichimbua shina baada ya shina. Generoza alikuwa akiikokota migomba hadi shimoni huku akilia bila sauti. Makofi hayakusikika.

"Mama Scola," Ndikuriyo akauliza, "huo nao si ule wa mama mkwe?"

"Ndio huo. Na wako nauona kutoka hapa."

Ndikuriyo akaondoka bila kuaga. Wakadhani amekasirika, mpaka waliposikia jembe likilia upande wa shamba lake. Wengine nao wakatawanyika mmoja mmoja kwenda makwao.

Mkutano ulipoitishwa tena, Scolastica hakuhutubia. Alikaa chini kwenye nyasi pamoja na kina mama, akauliza tu kama sera ipite au isipite. Mikono ikanyooka kama maharage yaliyopata mvua.

Hata hivyo hakupumzika. Kesho yake gari lilielekea Nemba, Biharamulo, ambako wakulima walikuwa wamekwisha kuapa hawatang'oa hata mgomba mmoja. Kipaza sauti alikiacha kwa mama yake. Alichukua jembe, kwa kuwa alikwisha kujua: mtaka cha mvunguni sharti ainame.