Vigelegele vya Mama Pimbi

Hapo zamani za kale, wanangu, wanyama walipokuwa wakishona nguo na kupika pilau, Mama Pimbi alikaa mtaa wa Bondeni na cherehani yake. Ti-ti-ti-ti, mchana kutwa! Ndiyo iliyomlisha yeye na watoto watano.

Siku moja mawazo yalimzidi, sindano ikamchoma. Jana yake, mchana kweupe, Fisi watatu walivunja mlango wa jirani yake, Bi Kanga, wakabeba jiko lake la kukaangia mihogo. Bi Kanga alipiga yowe mpaka sauti ikamkauka. Nani alitoka? Hakuna! Kila mtu alijifungia ndani, kwa! Hata Mama Pimbi alijifungia, na aibu ilikuwa bado haijamtoka.

Wakazi wa Bondeni walipokwenda kuomba ulinzi kwa askari wa Mlimani, mtaa wa wakubwa, Afande Nyati aliwacheka. "Bondeni? Mbona hampo kwenye ramani?"

Mara, gu! gu! gu! Komeo likang'oka. Fisi hao!

"Tumefuata cherehani," alisema mkubwa wao, Domo.

"Jamani, hii ndiyo riziki yangu!"

"Na yetu iko wapi? Mlimani wametunyima hata kazi ya kufagia, eti tunanuka! Haya, piga yowe tuone atakuja nani." Wakacheka, hehehehee!

Mama Pimbi akawaza. Kweli, atakuja nani? Wakati huo Domo ameshajitwika cherehani begani. Mama Pimbi akavuta pumzi.

"Lelelelelele! Harusi jamani! Karibuni pilau!"

Pa! pa! pa! Milango ikafunguka Bondeni kote. Ngiri na sahani, Nyani na ngoma, Bi Kanga na upawa. Hata Afande Nyati na askari wake waliteremka kutoka Mlimani, vumbi timtim, mate yakiwadondoka. Kumbe njia waliijua!

Fisi wakataka kutoka. Watoke wapi? Uwanja umejaa.

"Pilau liko wapi?" akauliza Nyati.

"Hakuna pilau, afande. Kuna wezi."

Domo akaitua cherehani polepole. Askari wakawakamata wote watatu.

"Lakini wewe mama," Nyati akafoka, "kwa nini usipige yowe kama wenzako?"

"Jana Bi Kanga alipiga, afande. Ulikuja?" Kisha akamgeukia Bi Kanga, machozi yakimlenga. "Hata mimi sikutoka, shoga yangu. Nisamehe."

Uwanja mzima ukainamisha vichwa.

Basi wanangu, jirani akilia, tokeni kwa mbio zile zile mnazokimbilia pilau lake.